Nani Aliikimbia Treni?

Kila mwaka, katika wiki za mwanzo za muhula, huwaonesha wanafunzi wangu filamu yenye urefu wa sekunde hamsini hivi. Haina sauti wala rangi. Haina mhusika mwenye jina, wala kisa chenye mwanzo na mwisho. Treni ya abiria inaingia katika stesheni ya La Ciotat, mji mdogo wa pwani kusini mwa Ufaransa. Inasimama, milango inafunguliwa, watu wanashuka, wengine wanajiandaa kupanda, na picha inakatika kabla treni haijaondoka. Baada ya hapo huwasha taa na kuuliza swali moja: mnajua nini kuhusu filamu hii?

Jibu halijapata kubadilika tangu nianze kufundisha. Hakosekani mwanafunzi, aghalabu wa mstari wa mbele, atakayesema: "Daktari, hii ndiyo filamu ambayo watu walipoiona mara ya kwanza walidhani treni itawagonga, wakatimua mbio nje ya ukumbi." Darasa hucheka. Ni kicheko chepesi, cha watu walio na simu mfukoni, wanaowacheka mababu wa watu wengine. Hata wale ambao hawajawahi kusikia jina la Lumière hucheka, kana kwamba walikuwa wakiisubiri hadithi hiyo.

Makala haya nayaandika kwa sababu ya kicheko hicho.

Tuanze na yaliyo wazi. Ndugu wawili, Auguste na Louis Lumière, walikuwa wana wa mwenye kiwanda cha bidhaa za upigaji picha katika jiji la Lyon. Tarehe 13 Februari 1895 walipata hataza ya mtambo walioupa jina la sinematografu: kisanduku cha mbao chenye mkono wa kuzungusha, kilichoweza kupiga picha, kuchapa nakala zake, na kisha kuzirusha ukutani. Mashine ya Thomas Edison iliyoitangulia ilimtaka mtazamaji ainame peke yake juu ya kitundu, kama mtu anayechungulia kisima. Hii ya akina Lumière iliwakalisha watu pamoja gizani, mgeni na mwenyeji, wakitazama kitu kimoja kwa wakati mmoja. Kwa maneno mengine, iliunda hadhira, na hadhira ni jambo la kisiasa, hata kama waliotengeneza mashine hawakulifikiria hivyo.

Tarehe 28 Desemba 1895, katika chumba cha chini ya ardhi cha mkahawa wa Grand Café jijini Paris, watu 33 walilipa faranga moja kila mmoja wakaoneshwa filamu kumi. Treni haikuwamo katika hizo kumi. Filamu ya treni ilianza kuoneshwa mwanzoni mwa mwaka 1896. Na ile tunayoitazama leo, kwa mujibu wa mtafiti wa Kijerumani Martin Loiperdinger, ni toleo lililopigwa baadaye, majira ya kiangazi ya mwaka 1897. Basi onesho lile mashuhuri la kwanza, ambalo watu wengi hulitaja kuwa ndipo mbio zilipotokea, halikuwa na treni ya kukimbiwa.

Loiperdinger alikwenda mbele zaidi. Alitafuta ushahidi wa mtafaruku huo: taarifa ya polisi, habari ya gazeti, barua ya mtu aliyeumia mguu katika msongamano. Hakupata. Paris ya mwaka 1896 ilikuwa na magazeti mengi ambayo yangeifurahia habari ya namna hiyo kuliko mkate wa asubuhi, na ilikuwa na polisi waliopenda kuandika. Ukumbi mzima wa watu wanaolipa kiingilio kukimbia hadi barabarani, kisha asiwepo mwandishi hata mmoja wa kulitaja jambo hilo, ni kimya ambacho mwanahistoria hawezi kukipuuza.

Ipo sababu nyingine, iliyo ndani ya filamu yenyewe, na hii mtu yeyote anaweza kuithibitisha kwa macho yake. Kamera imesimikwa juu ya jukwaa la stesheni, reli zikiwa kushoto. Treni haiji usoni pa mtazamaji. Inatokea mbali, ndogo, inakua kwa mshazari, kisha kichwa chake kinatokea upande wa kushoto wa picha na kutoweka, huku mabehewa yakisimama. Anayetaka kugongwa na treni hiyo itambidi kwanza ashuke kutoka jukwaani.

Sisemi kwamba hakuna aliyeshtuka. Mwili wa binadamu hushtuka. Maxim Gorky, mwandishi wa Kirusi, aliziona filamu za Lumière mjini Nizhny Novgorod mwaka 1896 akaandika juu yake katika gazeti. Anaieleza treni kana kwamba itavunja ukuta na kuuingia ukumbi uliojaa watu na kuwararua. Na papo hapo anatuambia kwamba hii nayo ni treni ya vivuli tu. Kilichomsumbua Gorky hakikuwa hofu ya kugongwa. Ilikuwa ni ule ukimya, na ule weusi-weupe uliowafanya watu waonekane kama wamelaaniwa kuishi bila sauti. Hayo si mawazo ya mtu aliyechanganyikiwa kati ya picha na kitu. Ni mawazo ya mtu aliyeona vizuri kupita wengi wetu.

Basi hadithi ya mbio imetoka wapi? Sehemu yake imetoka kwa wafanyabiashara wa sinema wenyewe. Mwaka 1901 Mwingereza Robert W. Paul alitengeneza filamu fupi ya kuchekesha kuhusu mshamba aliyekwenda kutazama sinema. Mshamba anamwona mchezaji densi, anacheza naye. Inakuja treni, anakimbia. Mwaka uliofuata Edwin S. Porter, akiifanyia kazi kampuni ya Edison nchini Marekani, alitoa filamu ya namna hiyohiyo, ambamo mtu wa shamba hatimaye anairukia skrini na kuiangusha. Watazamaji wa mijini walikaa vitini wakamcheka. Kumcheka mshamba kulikuwa ni kujithibitishia kwamba wewe si yeye. Utaona kwamba tangu mwanzo, aliyeikimbia treni ni mtu mwingine: ametoka kijijini, au ameishi zamani, au anaishi nchi ya mbali. Kwa muda niliosoma na kufundisha habari hizi sijakutana na simulizi ya mtu anayesema, "Mimi nilikimbia."

Sasa nirudi katika filamu, maana ina mambo mengi kuliko treni.

Anayepita mwanzoni ni mchukuzi mwenye rukwama ya mizigo, mtu wa kazi, ambaye anatoka nje ya picha kabla jambo lenyewe halijaanza. Miongoni mwa wanaoonekana jukwaani na kupishana na kamera ni jamaa wa familia ya Lumière, waliokuwa na nyumba ya mapumziko hapo La Ciotat. Kuna mwanamke anayemhimiza mtoto kwa mkono. Kuna nguo nzuri na kofia za majira ya joto. Filamu nyingine mashuhuri ya ndugu hawa, ile iliyoongoza orodha ya Desemba 1895, inaonesha wafanyakazi wakitoka katika lango la kiwanda chao. Ziweke filamu hizi mbili pamoja nawe utapata mpangilio wa dunia: mwenye kiwanda anawapiga picha wafanyakazi wake wakitoka kazini, na anawapiga picha ndugu zake wakiwa mapumzikoni. Wafanyakazi wanatoka mbiombio bila kutaja majina. Ndugu wanatembea jukwaani. Na zote mbili tunaziita picha za maisha halisi. Ni halisi, sikatai. Lakini uhalisi nao una mwenye kamera.

Filamu ninayoipenda zaidi kuliko hiyo ya La Ciotat ilipigwa mwaka 1897 na mpigapicha wa akina Lumière, Alexandre Promio, katika stesheni ya Yerusalemu. Reli ya kutoka Jaffa ilikuwa imefika huko mwaka 1892, wakati wa dola la Uthmaniya. Safari hii kamera haiko jukwaani. Imepanda ndani ya treni, na treni inaondoka. Watu wamesimama kwa safu: Wazungu wenye kofia zao, Waarabu wa Palestina, Wayahudi wa Palestina, kila mmoja kwa vazi lake, wakitutazama tunavyokwenda zetu. Wengine wanainua mikono kuaga. Wao wanabaki, sisi tunaondoka, na hakuna hata mmoja kati yao aliyeulizwa kama anataka kuagana na vizazi vijavyo. Kila ninapowaonesha wanafunzi filamu hiyo, kicheko hakitokei. Hukaa kimya, na mara nyingi mmoja huomba irudiwe.

Kwetu Afrika Mashariki historia ya treni na historia ya sinema zilianza karibu kwa pamoja. Tarehe 7 Julai 1896, katika hoteli ya Watson mjini Bombay, mjumbe wa Lumière alionesha filamu kwa kiingilio cha rupia moja, na kuwasili kwa treni kulikuwamo katika programu. Mwaka huohuo, kutoka pwani hiyohiyo ya India, wafanyakazi wa mkataba walikuwa wakisafirishwa kuja Mombasa kujenga reli ya Uganda. Walikuja zaidi ya 30,000 katika miaka ya ujenzi. Takriban 2,500 walikufa. Reli ilifika Ziwa Victoria mwaka 1901. Huku upande wetu Wajerumani walikuwa wameanza reli ya Tanga mwaka 1893, na ile ya kati kutoka Dar es Salaam mwaka 1905, ikafika Kigoma mwaka 1914. Mwaka 1909 Theodore Roosevelt, aliyekuwa ametoka tu madarakani Marekani, alipanda treni ya Mombasa akaketi kwenye benchi lililofungwa mbele ya kichwa cha treni ili aone wanyama vizuri. Ndiyo nafasi ileile ambayo wapigapicha wa wakati huo walipenda kuiweka kamera. Waliokuwa daraja la tatu hawakuona mbele. Waliona mgongo wa jirani.

Mimi nimekulia Tabora, ambako reli ya kati inagawanyika, mkono mmoja kwenda Kigoma na mwingine Mwanza. Marehemu baba yangu alikuwa mtumishi wa reli. Kazi yake ilikuwa kugeuza njia kwa mkono wa chuma na kupunga bendera, mchana na usiku, na nyumbani kwetu saa zilihesabiwa kwa treni. Miaka michache kabla hajafariki nilimwonesha filamu ya La Ciotat kwenye kompyuta. Nilidhani atafurahia kichwa cha treni ya mvuke. Hakukisema kabisa. Aliitazama mara mbili, akanyosha kidole kwenye mabehewa: "Kila chumba kina mlango wake wa nje. Mkaguzi wa tiketi atapita wapi?" Kisha akamwona mfanyakazi wa reli anayetembea kwa haraka kando ya treni, akasema huyo amechelewa, alipaswa awe amesimama pale kabla magurudumu hayajatulia. Nimesoma vitabu vingi kuhusu sekunde hizo hamsini. Swali la tiketi sikuwa nimelikuta mahali.

Nalikumbuka jambo hilo kwa sababu linahusiana na kuku.

Mwaka 1935, huku Louis Lumière akiwa mzee anayewaonesha wanasayansi wa Paris filamu mpya ya treni iliyoonekana kama ina kina, katika milima ya Usambara kulianzishwa mradi wa sinema kwa ajili ya Waafrika. Makao yake yalikuwa Vugiri. Uliendeshwa chini ya Baraza la Kimataifa la Wamisionari, kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani na kwa kushirikiana na Ofisi ya Makoloni ya Uingereza, na wasimamizi wake wakuu walikuwa L. A. Notcutt na G. C. Latham. Hadi ulipofungwa mwaka 1937 ulikuwa umetengeneza filamu 35. Zilihusu minyoo ya safura, kilimo, kodi, na akiba ya benki ya posta. Waigizaji walikuwa wenyeji, na filamu zilizungushwa kwa lori katika Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini, maelezo yakisikika kwa lugha za watazamaji, Kiswahili kikiwamo. Ni sehemu ya historia yetu ambayo tunaitaja kwa nadra mno. Wanachuo wangu wengi wanaotoka Tanga hawajawahi kuisikia.

Katika miaka hiyo na iliyofuata kulijengeka nadharia. Msemaji wake mkuu alikuwa William Sellers, aliyeanza kama afisa wa afya Nigeria na baadaye akawa kiongozi katika Kitengo cha Filamu cha Makoloni kilichoanzishwa mwaka 1939. Nadharia ilisema kwamba Mwafrika haelewi sinema kama Mzungu. Filamu zake ziwe za polepole. Picha isibadilike ghafla. Kusiwe na mbinu za kukata na kuunga. Kila kitu kilichomo ndani kiwe kimekusudiwa, kwa sababu atachanganyikiwa. Ushahidi wa nadharia hii ulikuwa visa, na visa viwili vimezunguka dunia nzima.

Cha kwanza ni cha mbu. Wanakijiji wanaoneshwa filamu ya malaria, mbu amekuzwa akajaa skrini, na mwisho mzee anasema: sisi hatuna tatizo, mbu wetu ni wadogo. Kisa hicho kimesimuliwa kuhusu nchi nyingi na watu wengi tofauti, nacho hubadilisha mahali kama ngano inavyofanya. Tena, hata kama mzee mmoja aliyasema maneno hayo, sijui kwa nini msimulizi hakuwahi kufikiri kwamba mzee alikuwa anatania. Wazee wetu hutania maafisa. Ni mojawapo ya njia chache walizobakiwa nazo.

Cha pili ni cha kuku, na kilisimuliwa na John Wilson mapema miaka ya 1960, kisha Marshall McLuhan akakipa umaarufu katika kitabu chake cha mwaka 1962. Filamu ilihusu usafi: jinsi ya kuondoa maji yaliyotuama nyumbani. Baada ya kuoneshwa, watazamaji wakaulizwa wameona nini. Wakajibu: kuku. Watengenezaji walishangaa, maana hawakujua kama kuna kuku. Wakairudia filamu picha kwa picha na kweli wakamkuta, amekatiza pembeni kwa muda wa kama sekunde moja. Hitimisho lililotolewa likawa kwamba watu hawa hawawezi kuitazama picha nzima.

Tafadhali, ndugu msomaji, kitazame kisa hiki vizuri. Kuku alikuwapo. Wanakijiji walisema kweli. Waliokosa kumwona ni waliompiga picha, waliokata filamu, walioikagua, na walioileta. Lakini mtihani ulisahihishwa na wao, na aliyeona zaidi ndiye aliyefelishwa.

Na kuna kisa kingine kinachofanana nacho kabisa, isipokuwa kilitokea Paris. Katika zile filamu kumi za Desemba 1895 ilikuwamo moja inayoonesha Auguste Lumière na mkewe wakimlisha mtoto wao uji bustanini. Georges Méliès, aliyekuwapo usiku ule na ambaye baadaye alikuja kuwa bingwa wa filamu za mazingaombwe, alisimulia kwamba kilichowashangaza watazamaji ni majani ya miti yaliyokuwa yakitikiswa na upepo nyuma ya familia hiyo. Mtoto wamemwona, uji wameuona. Wao wanazungumzia majani. Wasomi wa sinema wameandika kurasa nyingi na nzuri kuhusu majani hayo. Wameyaita ugunduzi wa maisha yenyewe, uzuri wa jambo lisilopangwa, ushahidi kwamba kamera huona kuliko mpigapicha.

Majani ya Paris yakawa falsafa. Kuku wa kwetu akawa ushahidi wa upungufu wa akili.

Nikilifikisha darasa hapa, hakuna tena anayecheka, ila wapo wanaokasirika upesi na kutaka kuishia kwenye hasira dhidi ya mkoloni. Huwazuia. Mkoloni ameondoka, nadharia ya Sellers haikuondoka naye. Imeajiriwa serikalini. Imo katika semina zetu, katika maandiko ya miradi, katika sentensi ile ambayo kila mtumishi wa umma ameisikia, na wengi wameiandika: "Changamoto iliyopo ni uelewa mdogo wa wananchi." Ukiichunguza sentensi hiyo utakuta mara nyingi imewekwa mahali ambapo palitakiwa pawepo swali la mwananchi. Mwananchi ameuliza bei, au mpaka, au nani amesaini. Katika ripoti anatokea akiwa na uelewa mdogo. Kama ameuliza kwa sauti ya juu, anatokea akiwa na hofu.

Nitasimulia mfano mmoja ninaoujua kwa karibu, na kwa kuwa mambo bado ni ya moto sitataja kijiji wala ofisi.

Shangazi yangu anaishi kando ya mahali ambapo ilipangwa barabara ya mchepuo kwa ajili ya malori. Uliitishwa mkutano wa hadhara. Nilikuwapo, nimekaa nyuma pamoja na vijana, kwa kuwa nilikuwa likizo na yeye alinitaka nimsindikize. Maafisa walileta jenereta, spika na projekta, wakatundika shuka jeupe kwenye ukuta wa shule, tukaoneshwa filamu fupi ya kompyuta. Ilikuwa safi sana. Barabara nyeusi ikijifungua yenyewe kama mkeka, taa zikiwaka, magari yakipita bila vumbi, na pembezoni miti ya kijani ambayo haioti katika mkoa ule. Hapakuwa na watu ndani ya filamu hiyo. Hata mmoja.

Ilipokwisha, afisa, kijana mwenye adabu na shahada, ambaye angeweza kabisa kuwa amepita katika darasa langu au la mwenzangu, aliuliza kama kuna maswali. Shangazi alisimama. Alisema: "Mwanangu, asante kwa sinema yako. Mimi nimekiona kilima cha Mission na nimeuona mbuyu, kwa hiyo pale barabara ilipopinda ndipo pana kisima chetu. Sijakiona kisima. Kimebaki upande gani? Na watoto wa shule watavukia wapi?"

Nimewahi kusimamia tasnifu za uzamili ambazo hazina usomaji makini wa picha kama ule. Katika dakika tatu za filamu, kwa macho yasiyo na miwani, alikuwa ameusoma mchoro, akaulinganisha na ardhi, akaona kinachokosekana. Kwa mujibu wa Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 hilo si swali la ziada. Sheria inataka fidia iwe kamili, ya haki na ya wakati, na mtu hawezi kujua kama fidia yake ni kamili iwapo hajui kisima kiko upande gani.

Afisa alitabasamu. Akasema, kwa upole wa mtu anayezungumza na bibi yake: "Mama, usiogope. Maendeleo yakija mara ya kwanza huwa yanatisha. Hata treni ilipokuja watu waliikimbia." Umati ukacheka, nami nikakitambua kicheko kile. Kilikuwa kilekile cha ukumbi wangu wa mihadhara. Mzee mmoja tu, jirani yangu kwenye benchi, ndiye hakucheka; aliuliza taratibu, kama anayejisemea, ni nani hao walioikimbia treni, maana baba yake aliijenga.

Shangazi hakuketi. Alirudia: "Sijasema naogopa, baba. Nimeuliza kisima." Afisa akaahidi kwamba hoja imechukuliwa, akapokea swali jingine.

Ni haki kumsemea kijana yule kidogo. Hakuwa mtu mbaya, wala hakuja kudhulumu. Alikuwa amepewa siku moja kwa vijiji vitatu, filamu aliyoletewa kutoka makao makuu, na fomu ya kujaza. Jibu la kisima hakuwa nalo, na hakuna mahali katika fomu pa kuandika "sijui, nitauliza". Lakini hadithi ya treni alikuwa nayo tayari, kama sisi sote tulivyo nayo, na ilimtosha kuvukia.

Miezi kadhaa baadaye, kupitia kwa mjumbe wa serikali ya kijiji, niliusoma muhtasari wa mkutano ule. Una kurasa nne. Una orodha ya mahudhurio yenye sahihi na alama za dole gumba, ya shangazi ikiwemo. Chini ya kichwa cha hoja za wananchi imeandikwa kwamba baadhi ya wananchi walionesha hofu kuhusu mradi, wakaelimishwa, wakaridhika. Neno kisima halimo.

Barabara imekamilika, na ni nzuri, mwenyewe nimeipita. Kisima kipo upande wa pili. Shangazi huvuka saa kumi na moja alfajiri, kabla malori hayajaanza kushuka kwa wingi, akiwa na ndoo na mjukuu wa kumshika mkono. Mwezi uliopita nilimsindikiza. Tulisimama ukingoni, akasikiliza kwanza, kisha akaniambia nisivuke bado, lipo moja linakuja nyuma ya mbuyu. Mimi sikuwa nimeona wala kusikia kitu. Tukasubiri, likapita.